Mgongo wa Marius

Kazi niliyoifanya London kwa sehemu kubwa ya maisha yangu ni kusimama. Sisemi kwa mafumbo. Nilisimama mahali ambapo mtu mwingine angekuja kusimama baadaye, mafundi wakapanga taa na kamera kwa kunitazama mimi, kisha mwenyewe alipokuja nikaondoka. Yeye ndiye aliyeonekana kwenye filamu. Mimi sikuonekana, na kutoonekana huko ndiko kulikokuwa sifa ya kazi.

Nilipomweleza mama kwa simu kwamba huku mimi ni msimamaji, yeye alisikia msimamizi. Ngamiani nzima, kule Tanga, ikajua Bakari ni msimamizi Ulaya. Nilijaribu kumsahihisha mara moja, akaniambia, "Usijishushe, mwanangu." Nikaacha.

Sasa nimestaafu, na nyie vijana mnaoingia kazini mmenishika shati kila tunapokutana kwa chai pale Edgware Road, mkitaka niandike niliyoyaona. Najua wengi wenu mnangoja habari za mastaa. Mimi ninaye mmoja tu. Alikuwa Mholanzi mzaliwa wa Suriname, mwigizaji wa filamu na televisheni, na jina lake ni Marius. Nilianza kusimama kwa ajili yake tukiwa wote na nywele nyeusi. Habari za kazi yangu siwezi kuzitenga na zake, kwa hiyo mtazipata pamoja.

Nilikuwa kibarua kwenye hoteli moja kubwa karibu na hapo hapo Edgware Road, upande wa kufulia. Nilisukuma toroli la mashuka na vitambaa vya meza. Wageni wengi walitoka Ghuba, na miongoni mwao walikuwamo Waomani waliokulia Unguja, ambao wakisikia jina langu na kwamba natoka Tanga walinisemesha Kiswahili chao kizuri na kuniuliza kama Muheza bado kuna machungwa. Siku moja ukumbi wa chini ulikodiwa na watu wa filamu. Napita na toroli langu, mwanamke mwenye redio ya mkononi akanizuia. Alinipima kwa macho tangu kiatuni hadi utosini, kama mtu anayenunua mlango.

"Unaweza kusimama?" akaniuliza.

"Nimesimama tangu alfajiri," nikamjibu.

Akanishika mkono hadi katikati ya ukumbi na kuniweka juu ya alama ya utepe iliyobandikwa sakafuni. Mtu wao wa kawaida hakutokea siku hiyo, na mwigizaji aliyengojewa alikuwa mrefu na mweusi; mle ndani hapakuwa na mwingine wa kufanana naye ila mimi. Kwenye ngazi, chini ya taa moja kubwa, alikuwapo mzee wa Kihindi mwenye sweta. Alishuka, akanizunguka, akanung'unika peke yake kwa Kiswahili, "Huyu naye wamemtoa wapi, mrefu kama nguzo ya simu."

"Wamenitoa Tanga, mzee," nikasema.

Nusura aangushe kipima mwanga alichokishika. Kisha akacheka mpaka akakohoa. "Haya, Mtanga. Simama vizuri basi, usinitie aibu mbele ya hawa."

Huyo alikuwa Kantilal, mkuu wa taa, mzaliwa wa Dar es Salaam na mkazi wa Kingsbury. Yeye ndiye aliyekuwa mwalimu wangu. Alinifundisha nisikaze magoti, maana anayekaza magoti huanguka kama askari kwenye gwaride la jua. Alinifundisha kuijua taa kwa joto lake shavuni hata nikiwa nimefumba macho, na kutoshika kitu chochote kilichowekwa mezani, hata kijiko. Alinifundisha nivae viatu vyangu mwenyewe, vyenye soli isiyolia, na nisiwaonee haya wenye viatu vya kumetameta. Lakini somo lake kubwa alinipa siku ile ya kwanza, akisogeza kidevu changu kwa kidole kimoja.

"Sikiliza. Mahali hapa si pako. Unampashia moto mwenyewe. Akija, unampisha bila kelele. Wengi wameharibikiwa kazi hii kwa sababu walianza kupapenda."

Marius alikuja taa zilipokamilika. Hakwenda moja kwa moja kwenye alama. Alisimama kando yangu kwanza, bega kwa bega, akatazama kioo cha ukutani. Tulikuwa sawa kwa urefu, sawa kwa rangi, hata upana wa mabega.

"Kumbe ndiwe uliyeuvaa mwili wangu," alisema. Alikuwa na Kiingereza cha watu wa Uholanzi, kilichonyooka na kukatwakatwa vizuri. "Nieleze, hapa pakoje?"

Hakuna aliyekuwa ameniambia nisiseme, kwa hiyo nikasema. Kushoto kuna joto, ukigeuza uso utafinya macho. Na huu ubao chini ya mguu wako wa kulia unalia.

Akaukanyaga, ukalia. Akaigiza tukio lake zima bila kuukanyaga tena. Walipomaliza aliniuliza, "Kesho upo?"

"Kesho nina mashuka."

"Mashuka watayafua wengine."

Hivyo ndivyo nilivyoacha kufua. Tangu siku hiyo, kila alipokuja kuchukua nafasi yake aliuliza swali lile lile: "Hali ya hewa?" Nami nilimpa maneno mawili matatu. Kamera itapita karibu na goti lako. Kiti kina mguu mbovu. Mtoto unayecheza naye ana njaa, wamalize naye kwanza. Halafu nikatoka kwenye mwanga nikaingia gizani, nyuma ya kamera, na kutoka hapo nilimwona akiyatumia yote niliyomwambia bila mtu mwingine kujua.

Nilikuwa sijui kwamba kwao Uholanzi ni mtu mashuhuri. Alipelekwa Rotterdam na mama yake akiwa mdogo, akasoma huko, akaingia jukwaani, halafu kwenye televisheni, ambako kwa miaka mingi aliigiza mpelelezi wa polisi. Nilikuja kulijua hilo aliponichukua kwenda naye kupiga filamu moja ya kwao wakati wa baridi. Tulikuwa sokoni tukinunua samaki, mama muuza samaki akaacha kisu chake, akamlalamikia Marius kwamba baiskeli yake imeibiwa na polisi hawafanyi lolote. Marius hakucheka. Aliuliza baiskeli ni ya rangi gani na ilifungwa wapi, akasikiliza hadi mwisho. Tulipoondoka nikamuuliza kwa nini asimwambie yule mama kwamba yeye si mpelelezi.

"Anajua," alisema. "Alitaka mtu aulize rangi."

London hakuna aliyemjua. Hapa alipewa nafasi ya dikteta wa nchi isiyo na jina, na baada ya dikteta huyo akapewa mwingine. Alipewa dereva, askofu, mlinzi wa usiku, daktari mwenye sentensi moja ya habari mbaya. Nimesimama kwenye makasri mengi ya madikteta wake, na naweza kuwaambia kwamba viti vya enzi vyote ni vya mbao laini na havina starehe. Yeye alivichukua vyote kwa uzito ule ule. Wakati wa mapumziko ya chakula nilimkuta amejitenga na skripti yake, akijiuliza kuhusu dikteta wa kurasa nne, "Huyu alilelewa na nani?" Kuna waliomcheka. Mimi pia nilimcheka, mwanzoni.

Binti yetu Mwanaidi alipokuwa na umri wa kuuliza, aliniuliza baba yake anafanya nini hasa. Nikamweleza kwa Kiswahili. Akanijibu kwa Kiingereza, kama kawaida ya watoto wa hapa, kwamba kwa hiyo unasimama tu. Mama yake, Zuhura, aliyekuwa anarudi kutoka zamu ya hospitalini na miguu imevimba, akasema, "Na mimi pia nasimama tu, lakini wewe unakula."

Nitawaambia kisa kimoja cha katikati. Tulikuwa studio moja upande wa magharibi, tunatengeneza tukio la chumba cha maiti, baba anaitwa kumtambua mwanawe. Ni kazi ya taa ngumu. Kila kitu ni cheupe na cha chuma, na Kantilal alikuwa anagombana na vivuli tangu asubuhi. Nimesimama mbele ya meza ya maiti, simu yangu ikatetemeka mfukoni. Ilikuwa kosa kuwa nayo, lakini mama alikuwa mgonjwa. Kaka yangu alisema maneno machache. Mama amefariki, na watamzika alasiri ile ile.

Mnajua desturi yetu. Maiti haingoji ndege. Hata ningeondoka saa hiyo hiyo, ningekuta udongo umeshakauka. Nikarudisha simu mfukoni, nikarudi kwenye alama, kwa sababu sikujua mahali pengine pa kwenda. Kantilal aliniona. Alinijia na kipima mwanga chake, akakiweka karibu na shavu langu kama kawaida, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Kuna nini, Bwana Bakari?"

"Mama."

Akakishusha kipima mwanga. Alikwenda nje. Baada ya kitambo mlango wa studio ukafunguliwa, akaingia Marius, nusu ya uso wake imepakwa rangi na nusu haijapakwa. Alitembea mbele ya watu wote hadi kwenye alama yangu, akanishika mabega akaniondoa pale taratibu, akasimama yeye.

Mwanamke wa redio akaja mbio. "Marius, bado hatujawa tayari kwa ajili yako."

"Najua. Leo hali ya hewa nitaisoma mwenyewe."

Staa alisimama badala ya msimamaji. Mafundi walipanga taa zao kimya, bila ule utani wao, naye hakutikisika wala kuomba kiti. Kantilal alinipeleka nyuma ya mapazia, akatandika sweta lake juu ya sakafu ya saruji, akanionyesha kwa kidole upande ambao jua huchomoza, akijua kwamba kibla changu kiko huko huko kwa kukadiria. Niliswali hapo. Sikumwombea mama vizuri. Maneno yalinipotea nikayarudia. Lakini niliswali, na hakuna aliyenihitaji.

Miaka ilikwenda. Kantilal magoti yalimshinda, akastaafu, akabaki Kingsbury na wajukuu zake. Nywele za Marius zikawa nyeupe, zangu nazo, ingawa zangu walizipaka rangi ilipohitajika zifanane na zake, na wakati mwingine zake walizipaka zifanane na za ujana. Kwa uzee wake akaanza kupata nafasi bora. Jaji. Babu. Mwalimu mkuu. Watu wa hapa wakaanza kumgeukia barabarani. Alisema London imechukua muda mrefu kuliko Waholanzi kumtambua kwa sababu hapa watu hawaibiwi baiskeli vya kutosha.

Kazi yake ya mwisho ilikuwa tamthilia ya televisheni kuhusu dereva wa treni aliyestaafu, mjane, ambaye hasemezani na binti yake. Katika tukio la mwisho binti anakuja kituoni kumzuia. Anamwita. Mzee anaendelea kutembea hadi mwisho wa jukwaa la treni, na hageuki. Mwongozaji alikuwa mama mmoja wa Kiskoti, mpole, mwenye kusikiliza. Tulianza vizuri.

Mimi niligundua kwa sababu ya koti. Dereva yule alivaa koti moja zito la kijivu tangu mwanzo hadi mwisho, na yalishonwa mawili, lake na langu. Mshonaji akalipunguza lake kiunoni. Baada ya muda mfupi akalipunguza mabegani. Langu halikupunguzwa. Siku moja tuliposimama bega kwa bega kama zamani, tukaonekana kwenye kioo, naye akatazama pembeni.

Nyumbani Stratford nilimuuliza Zuhura, "Mama Mwanaidi, mtu akipungua kwa haraka namna hii, na macho yakaingia umanjano, huwa ni nini?"

Aliweka kikombe chini. "Usiniulize swali ambalo jibu lake unalijua. Mpeleke hospitali."

Ilikuwa saratani, na ilikuwa imekwishaenea. Alipiga kazi mpaka akashindwa kupanda ngazi za gari la mavazi. Walikuwa wamekwisha kupiga karibu kila tukio isipokuwa lile la jukwaa la treni.

Watu wa kampuni waliniita ofisini. Walinieleza kwa adabu kwamba siku hizi kompyuta inaweza kuuweka uso wa Marius juu ya wangu. Wangeniwekea alama ndogo ndogo usoni, ningetembea, ningegeuka nikamtazama binti, na watazamaji wangeona Marius akigeuka. Hadithi ingebadilika kidogo, ingekuwa na faraja zaidi. Mtu mmoja akaongeza kwamba mtu wa umbo langu angekuwa na kazi za namna hiyo nyingi sana. Niliomba nikamuulize mwenyewe.

Nilimkuta wadini, dirisha limefunguliwa, mkewe Ineke amekaa kando akimchambulia chungwa ambalo hakuwa akilila. Ineke ni Mholanzi, mwalimu wa watoto wadogo kwa kazi yake, mwenye maneno machache. Nikamweleza Marius yote. Alisikiliza macho yamefumbwa.

"Wanataka nigeuke?"

"Ndiyo."

"Mzee yule hawezi kugeuka. Akigeuka atabaki, na akibaki atamfanya yule binti muuguzi wake." Akapumua. "Uso wangu nimeutumia wote, Bakari. Haujabaki wa kukopesha. Wapige mgongo. Utembee wewe."

"Mimi ni wa kusimama tu, Marius."

"Basi ni wakati wa kupiga hatua," akasema, na Ineke akacheka kidogo, kisha akatoka nje ya wadi.

Sikulala vizuri na jambo lile. Nilikwenda Kingsbury, nikamkuta Kantilal dukani kwenye barabara kuu, anachagua mihogo na kugombana na muuzaji kwa Kigujarati. Tulikaa kwenye benchi la kituo cha basi, mfuko wa mihogo katikati yetu. Nikamwambia, "Wewe ndiye uliyenifundisha kwamba mahali pale si pangu. Maisha yangu yote nimempisha. Leo niende nikachukue?"

"Nilikwambia usichukue," alisema. "Huyu amekupa. Ukipewa na mwenyewe ni amana, na amana hairudishwi kwa kuikataa." Basi lilikuja, likaondoka bila sisi. "Ila usiwaachie uso wake. Uso wa mtu si taa, kila mtu auhamishe anakotaka."

Kwa hiyo niliwaambia watu wa kampuni hapana kwa uso na ndiyo kwa mgongo. Hawakufurahi. Mwongozaji alikuwa upande wetu, na hilo ndilo lililoamua. Mshonaji alifumua mishono yote aliyoipunguza kwenye koti la Marius, maana langu lilikuwa jipya mno, halikuwa limekunjamana kama lake.

Tulipiga tukio asubuhi, kwenye kituo cha zamani kisichotumika. Binti akaita, nami nikatembea hadi mwisho. Kila mtu alisema vizuri sana. Mwongozaji na mimi tukalichukua kwenye tableti tukampelekea Marius. Alilitazama mara moja tu.

"Unatembea kama mtu aliyebeba trei ya glasi," alisema.

Nikaitazama tableti tena.

"Unaogopa kuniharibia."

"Naogopa, ndiyo."

"Usinibebe. Huyo mzee hanijui mimi. Hajawahi kusikia jina langu. Yeye anaondoka tu, na miguu yake inauma, na anataka sana kugeuka." Alimtazama mwongozaji. "Mnayo nafasi ya kurudia?"

Mwongozaji alisema kituo bado ni chao kwa asubuhi moja. Angeweza kusema hapana. Ile ya kwanza ilikuwa inatosha. Nilipoaga, Marius aliushika mkono wangu, akaubonyeza kama mtu anayejaribu kama embe limeiva. "Hali ya hewa?" nikamuuliza mimi, kwa mara ya kwanza tangu tujuane.

Alifikiri. "Mwanga mwingi," akasema. "Hauchomi."

Asubuhi ile ya kurudia nilifika mapema. Nilikuwa nimekwisha kuvaa koti, nimekaa kwenye benchi la jukwaani, mafundi wanavuta nyaya zao, Ineke akapiga simu.

"Amekwenda," alisema. "Sasa hivi. Hakuhangaika."

Nikasema innalillahi, kwa sauti ndogo. Sikuwa na neno lingine na yeye hakuhitaji tafsiri.

"Uko kazini?"

"Niko kazini."

"Umevaa koti lake?"

"Nimelivaa."

Nilisikia nyuma yake kitoroli cha chai kikipita wadini, na mtu akiuliza nani anataka sukari. "Basi fanya kazi, Bakari. Usiwaambie mpaka umalize. Wakijua watalia, nawe utatembea kwa ajili yao."

Nilifanya kama alivyosema. Nyie mtakaonisoma mtajiuliza kama ilikuwa haki kuwaficha wenzangu. Nimejiuliza pia, na bado naona ilikuwa haki, kwa sababu aliyeniomba ndiye mwenye msiba. Walinipanga. Msimamaji wangu mwenyewe hakuwapo, bila shaka, nilijisimamia. Mwongozaji akaniuliza kama niko tayari, nikaitikia kwa kichwa.

Nilitembea. Sikumfikiria Marius, kwa sababu alinikataza. Niliyafikiria magoti yangu, ambayo kweli yanauma, na saruji ya jukwaa ilivyo na mteremko mdogo usiouona kwa macho. Yule binti akaita, "Baba!" Sauti yake ilinipiga katikati ya mabega. Nikajua maana ya kutaka kugeuka. Shingo ilianza yenyewe. Nikaizuia, si kwa nguvu, kama unavyomzuia mtoto asikimbilie barabarani, nikaendelea mpaka jukwaa likaisha.

Hawakupiga makofi. Mwongozaji alinijia mwenyewe, hakumtuma mtu. "Ndiyo hii," alisema, kisha akautazama uso wangu, ambao kamera haikuuona. "Bakari?"

"Amefariki asubuhi," nikasema. "Ineke ameniomba ningoje."

Alikaa chini pale pale, juu ya sanduku la safari la mzee. Habari ikatoka mdomo hadi mdomo kando ya reli. Aliyeigiza binti akaja akanikumbatia akiwa bado na machozi ya uigizaji, kisha yakaja mengine, na mtu hangeweza kuyatofautisha. Kijana wa taa aliuliza azime. Nikamwambia ngoja kwanza, acha ziwake kidogo.

Tulimzika kwao Uholanzi, karibu na mama yake. Watu walijaa mpaka nje ya lango, na wengi walikuja kwa baiskeli.

Tamthilia ilipoonyeshwa, Ineke alinialika mimi na Zuhura nyumbani kwake tuitazame pamoja. Alipika wali kwa kuku wa Kisuriname jinsi mumewe alivyopenda, na Zuhura alileta sambusa. Tulikula mbele ya televisheni kama watoto. Ineke alitazama kwa utulivu. Uso wa Marius ulipokuja karibu aliutikisia kichwa, kama unavyomsalimu mtu upande wa pili wa barabara. Mara moja alisema, "Shati lile ni la nyumbani, walilikataa akalivaa tu." Nikacheka, naye akacheka.

Kikaja kituo. Nilitaka kutoka nje. Zuhura alinishika kifundo cha mkono, nikabaki. Mzee akaanza kutembea, mgongo wake kwetu, koti la kijivu, hatua si nzuri sana. Mimi niliyetembea nikawa namtazama kama mtu nisiyemfahamu. Binti akaita. Bega la mzee likasita.

Ineke aliinama mbele. Yeye ndiye aliyenipigia simu asubuhi ile. Alijua vizuri kuliko mtu yeyote duniani ni nani aliyekuwa ndani ya koti. Lakini nilimsikia akisema kwa Kiholanzi, kwa sauti ndogo ambayo mtu hutumia akiwa amelala, na Kiholanzi changu kichache kilitosha:

"Geuka. Geuka, Marius."

Mzee hakugeuka. Alipungua, akapungua, mpaka jukwaa likabaki tupu, na hakuna hata mmoja wetu aliyenyoosha mkono kuzima.